Msoma Mita

Kabla ya kuongoza wageni nilisoma mita za maji,
miaka ishirini na mmoja, daftari kwapani,
basi msinishangae nikiinama mbele ya kila lango:
ni mazoea ya shingo, si adabu.

Heroe hatuwaoni leo. Kama mlikuja Nakuru kwa ajili ya heroe,
ziwa liko kule, nauli juu yenu.
Mimi nawapeleka kwa miguu
na sharti langu ni moja: muwe na njaa.

Bondeni, kibarazani kwa Bi. Mastura, saruji nyekundu.
Kaimati huziopoa karaini kwa waya wa mwavuli
na shira yake huvutika kama uvumi.
Babu yake, asema, alikuja na reli akasahau kurudi nayo.
Mita ya nyumba hii haikuwahi kudanganya.
Ni yeye aliyeniita: "Soma tena, mwanangu,
mwezi huu tulikuwa na harusi."

Kona ya pili, Jayanti hupima chevda kwa mizani ya mawe.
Pilipili yake imewahi kumliza askari wa trafiki.
Ukitema, anakuongezea bure.
Kijana mwenye kamera alitema.
Akaongezewa.

Vukeni taratibu. Hili ni jaa, ule ni mtaro, sifichi kitu;
mji si sahani ya hoteli.
Kwa Njuguna mutura huliwa wima, ubao mmoja, chumvi moja,
kidole cha makanika kikigusana na cha karani wa benki
na hakuna anayeuliza mwenzake ni wa wapi
mpaka kipande cha mwisho.

Tapkigen naye hauzi mursik barabarani. Sharti ubishe hodi.
Hukitikisa kibuyu, hukuangalia machoni, ndipo humimina:
maziwa rangi ya wingu lililolala juu ya Menengai,
masizi ya senetwet yakikwaruza ulimi.
"Ni chungu," mmoja wenu amesema.
Ndiyo. Kunywa tena.

Tukafika Kaptembwo jua limetukalia utosini.
Kundini alikuwamo mama mmoja, Kerubo.
Alilipa taslimu. Hakupiga picha.
Kaimati alikula nusu, nusu akaifunga kwenye leso.
Nilidhani ni kisukari.
Sasa amesimama mbele ya lango la bati, la buluu,
asogei, akasema kwa sauti ya mtu anayesahihisha hesabu:
"Hili lilikuwa kijani."

Nyumba hii naijua. Si kwa jina, kwa tarakimu.
Desemba ile ilisoma mia nne kumi na saba.
Januari sikuja. Nani alikuja?
Februari, mia nne kumi na saba.
Machi, mia nne kumi na saba.
Ofisi ikaandika: mita mbovu, ibadilishwe.
Nikaandika chini yake, kwa penseli:
mita nzima. Watu hawapo.

Maelezo yangu hayana kituo hiki.
Nina mzaha wa omena hapo mbele, kwa Akeyo,
nimeutumia mwaka mzima na haujawahi kuniangusha.
Nilifungua mdomo, nikaufunga.

Ndani mtu alifungua bomba. Likakohoa,
kisha tukasikia sufuria ikijaa.
"Wanapika nini?" Kerubo akaniuliza, kama vile
ni mimi niliyewapangisha.
Nikanusa. Siku hizi pua ndiyo ajira yangu.
"Kunde," nikasema. "Na zimeanza kuungua."

Akasogea mpaka paji la uso likagusa bati
akapaza sauti:
"Enyi wa humo! Punguzeni moto!"

Kimya. Kifuniko kikalia.
"Asante, mama!" sauti ya msichana. "Nani huyo?"
"Mpita njia."

Akafungua leso
akaila ile nusu ya kaimati, amesimama pale pale,
shira ikimchuruzika kiganjani.
Nami nikawaongoza wengine kuelekea kwa Akeyo,
polepole,
ili amalize.